Nyatiti Inaponyamaza, Wagombanao Husikizana

Watoto wa siku hizi wanapenda sana hadithi za maajabu. Ingia katika nyumba yoyote ya mjini yenye kijana wa sekondari, utamkuta na kitabu au filamu inayosimulia ufalme wa kubuni. Ndani ya ufalme huo mna mabalozi wasiobeba upanga wala bunduki. Silaha yao ni sauti. Majeshi mawili yanapokabiliana, balozi hupuliza pembe au hugusa uzi wa kinubi chake, na papo hapo mikuki inaanguka chini, mahasimu wanakumbatiana, na hadithi inaishia hapo.

Mzazi huguna akasema huo ni upuuzi wa kupoteza wakati. Lakini kabla hujamwamuru mwanao azime televisheni akachukue vitabu vya shule, msomaji mpenzi, hebu mwulize kama anajua kwamba hapa kwetu Kenya jambo linalofanana na hilo lipo, tena halina uchawi.

Mahali penyewe ni Rusinga, kisiwa cha Ziwa Viktoria katika kaunti ya Homa Bay. Ukifika mji wa Mbita unavuka mkono mwembamba wa maji kwa barabara, na umefika. Kisiwani humo, na katika nchi yote ya Wajaluo inayokizunguka, kuna watu wanaoitwa jothum, yaani wapigaji wa ala za muziki. Mmoja wao ni jathum. Hawana sare wala kadi ya uanachama. Lakini mahali ambapo watu wenye kinyongo hulazimika kukutana, hasa matangani, jathum ndiye hukaa katikati yao.

Katika hadithi za watoto sauti ndiyo inayomaliza vita. Kwa jathum, sauti huwakutanisha watu tu. Kazi iliyobaki hufanyika pale anapoinua mkono kutoka kwenye nyuzi na kunyamaza.

Watu waliotokana na ugomvi

Ili kuelewa kwa nini visiwa hivi vilihitaji wapatanishi, ni vyema tujue wenyewe walitoka wapi. Wenyeji wa asili ya Rusinga na jirani yake Mfangano ni Wasuba, au Abasuba kama wanavyojiita. Masimulizi yao yanasema kwamba mababu walivuka ziwa kwa mitumbwi kutoka upande wa Buganda na Busoga katika karne ya 18, wakikimbia fujo zilizofuata kuuawa kwa kabaka. Kwa maneno mengine, jamii hii ilianza na watu waliokimbia ugomvi wa ikulu ya watu wengine.

Huku walikotua waliwakuta majirani wapya. Bara kulikuwa na Wajaluo, na mbele zaidi Wakisii, Wakuria, Wakipsigis na Wamaasai. Mkimbizi hana anasa ya kugombana na kila mtu. Wasuba wakafanya biashara na Wajaluo, wakaoana nao, wakajifunza lugha yao, na kadiri miaka ilivyopita wengi wakaiacha lugha yao wenyewe. Leo Rusinga nzima inazungumza Kijaluo. Olusuba, lugha ya Kibantu waliyokuja nayo, imo katika orodha ya UNESCO ya lugha zilizo hatarini, na wanaoizungumza vizuri zaidi wako Mfangano.

Pamoja na lugha, Wasuba walipokea pia muziki wa Wajaluo. Ndiyo maana katika matanga ya Rusinga mtu anaweza kutaja majina ya ukoo yenye asili ya Uganda huku nyuma yake ikilia nyatiti ya Kijaluo.

Nyuzi nane na kidole cha mguu

Nyatiti ni kinubi cha nyuzi nane. Chini kuna bakuli la mbao lililowambwa ngozi, na juu kuna mti wa kukaza nyuzi. Zamani nyuzi hizo zilikuwa kano za ng'ombe. Sasa wapigaji wengi hutumia nailoni, ile ile ya kuvulia samaki. Kwa hiyo uzi unaomlisha mvuvi wa Rusinga mchana ndio unaoweza kumliwaza usiku.

Mpigaji huketi chini sana, juu ya kigoda kiitwacho orindi, na kuilaza ala yake ubavuni karibu na ardhi. Katika kidole gumba cha mguu wa kulia huvaa pete ya chuma iitwayo oduong'o, na kwa pete hiyo hugonga ukingo wa ala kama anayepiga ngoma. Kifundoni hufunga njuga ziitwazo gara. Mikono inachomoa nyuzi, kidole kinagonga, njuga zinalia, na kinywa kinaimba. Mtu mmoja anakuwa bendi nzima.

Wapigaji wakongwe hueleza kwamba nyuzi zile nane hazikuwekwa ovyo. Nne ni za kuzaliwa, kwa sababu mtoto wa kiume anapozaliwa mama hukaa naye ndani siku 4. Nne ni za kufa, kwa sababu mwanamume anapofariki desturi ilihesabu siku 4 za maombolezo. Binadamu anaishi katikati ya nyuzi hizo. Ukiisikiliza nyatiti kwa maelezo hayo utaelewa kwa nini haikuwa ala ya kuchezea barabarani.

Kwa desturi ilikuwa ala ya wanaume peke yao. Mwiko huo ulivunjwa mbele ya macho ya watu na mgeni kutoka mbali, mwanamke wa Kijapani Eriko Mukoyama, anayejulikana zaidi kwa jina la Anyango. Alikwenda Alego, Siaya, akajifunza kwa mzee Okumu K'Orengo, kisha akaipeleka nyatiti kwenye majukwaa ya dunia. Kabla yake Ayub Ogada, aliyefariki mwaka 2019, alikuwa ameshaisikizisha Ulaya sauti hiyo. Wimbo wake wa "Kothbiro" ulitumiwa katika filamu ya The Constant Gardener ya mwaka 2005.

Lakini sifa za ng'ambo tuziweke kando kidogo. Siri ya nyatiti iko katika jambo ambalo haliwezi kunaswa vizuri kwenye kanda wala diski.

"Simamisha muziki!"

Jambo hilo huitwa pakruok. Muziki umekolea, watu wamezunguka, na ghafla mtu mmoja anainuka na kuusimamisha. Hafanyi hivyo bure. Anatoa pesa, anaziweka mbele ya mpigaji, na jathum ananyamaza. Sasa ukumbi wote ni wa huyo aliyelipa. Anajitaja kwa majina ya sifa. Anaitaja nyumba aliyozaliwa, mto wa kwao, wajomba zake, mkewe na kwao mkewe, rafiki aliyemsitiri siku ya njaa. Akimaliza, nyuzi zinalia tena, na pengine mpigaji anayachukua maneno yake na kuyatia ndani ya wimbo.

Kisha anainuka mwingine. Naye analipa, naye muziki unasimama.

Kwa macho ya haraka mchezo huu ni majigambo matupu, na kwa kweli majigambo ni sehemu yake kubwa. Pakruok si mahakama na hakuna anayetoa hukumu pale. Lakini tazama kanuni zake. Kwanza, hakuna anayesema mpaka kelele zote zimekoma. Pili, anayesema hakatizwi. Tatu, kusema kuna gharama, kwa hivyo mtu hufikiri kabla ya kusimama. Nne, maneno yake huanza na sifa, iwe yake au ya wengine. Na tano, atake asitake, zamu yake itakwisha, nyuzi zitalia, na adui yake naye atapewa ukumbi ule ule, kimya kile kile, kwa bei ile ile.

Ni wapi pengine ambapo tajiri na maskini wa kijiji hupewa nafasi sawa ya kusikilizwa? Katika mikutano mingi tuliyozoea, mwenye sauti kubwa husema mara kumi na mnyonge hasemi hata mara moja. Mbele ya nyatiti shilingi chache zinatosha kumnyamazisha kila mtu.

Jathum mwenyewe naye ana uhuru ambao wengine hawana. Anaweza kumsifu mtu, na katika ubeti huo huo akamchoma. Anaweza kumtaja ndugu aliyemdhulumu yatima shamba, kwa mafumbo ambayo mgeni hayaelewi lakini kila mwenyeji anayajua. Maneno ambayo yangeleta ngumi kama yangesemwa na jirani, yakitoka kwa mpigaji huleta kicheko cha haya. Wanawake nao walikuwa na dodo, nyimbo zao wenyewe, ambamo mume mlevi au mwana mvivu alisikia habari zake bila mtu kumtolea kidole. Wahenga walisema heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi. Wimbo ulimpa mwenye ulimi mkali mahali salama pa kupitia.

Matanga ndiyo uwanja wenyewe

Mahali pa kuiona kazi hiyo kwa ukamilifu ni matangani. Mwenye kuijua nchi ya ziwa anajua kwamba hakuna shughuli inayokusanya watu kama mazishi. Wanakuja ndugu ambao hawajaonana miaka kumi. Anakuja mdai na mdaiwa. Anakuja mke aliyeondoka, na mashemeji wanaosema mahari haijaisha. Shamba la marehemu liko pale pale miguuni pao, halijagawanywa. Hakuna baruti iliyo kavu kuliko hiyo.

Desturi ililijua hilo na ikaiwekea hasira njia ya kutokea. Kuna ada iitwayo tero buru, ambapo wanaume huswaga ng'ombe wakatoka nao mbio mpaka nje ya kijiji, mikuki na marungu mikononi, pembe zikipulizwa na ngoma zikipigwa, wakipigana na adui asiyeonekana. Adui huyo ni kifo. Wanarudi wamechoka, wametoka jasho, wamepiga kelele mpaka sauti zimekauka. Baada ya hapo ndipo nyatiti hulia usiku, na ndipo watu hukaa. Utaratibu huo una hekima: kwanza hasira hutolewa kwa vishindo, halafu masikio hufunguliwa taratibu.

Kwamba hatari ya ugomvi matangani ni ya kweli, Wakenya wa umri fulani hawahitaji kukumbushwa. Wakili S. M. Otieno alifariki tarehe 20 Desemba 1986. Mjane wake, Wambui Otieno, alitaka kumzika karibu na Nairobi. Ukoo wake wa Umira Kager ulitaka azikwe Nyalgunga, Siaya. Kesi ilipanda mpaka Mahakama ya Rufaa, magazeti yakauzwa kama mkate, na marehemu hakuzikwa hadi tarehe 23 Mei 1987, miezi mitano baadaye. Mahakama ilitoa hukumu na upande mmoja ukashinda. Lakini hukumu na upatanisho ni vitu viwili. Hukumu inasema nani ana haki. Upatanisho unauliza watu hawa wataishije baada ya kesho.

Wazee hawakuutafuta upatanisho nyumbani tu. Masimulizi ya Wajaluo kuhusu amani na Wamaasai yanaeleza kwamba ulijengwa ua wa matawi mpakani, mikuki ikalazwa juu yake, na akina mama wa pande mbili wakabadilishana watoto wachanga, kila mmoja akamnyonyesha mtoto wa adui. Mwishowe wazee walitamka laana hadharani juu ya yeyote atakayevuka ua huo kwa vita. Laana haikuandikwa popote. Ilisikika, na wote waliokuwapo wakawa mashahidi kwamba wameisikia.

Mawe yanayolia kama kengele

Uhusiano wa watu wa ziwa hili na sauti ni wa kale kuliko Wajaluo na Wasuba wenyewe. Katika kisiwa cha Lolui, au Dolwe, upande wa Uganda, kuna miamba ambayo ukiigonga kwa jiwe dogo hulia kama kengele. Ina vishimo vilivyochimbika kwa kugongwa miaka na miaka. Mwaka 1965 wataalamu waliandika habari zake katika jarida la elimu ya binadamu la Uingereza, pamoja na michoro iliyo karibu na mawe hayo.

Mfangano nako kuna michoro. Katika pango la Mawanga na mwamba wa Kwitone utaona duara ndani ya duara, nyekundu na nyeupe, inayokisiwa kuwa na umri wa zaidi ya miaka 1,000. Inaaminika kuwa ni kazi ya wawindaji wa kale walioitwa Watwa. Wasuba walipofika walizikuta sehemu hizo, wakaziheshimu na kuzihusisha na maombi ya mvua.

Kisiwani humo humo wenyeji walianzisha makumbusho yao wakayaita Abasuba Community Peace Museum, yaani Makumbusho ya Amani ya Jamii ya Abasuba. Jina hilo si la bahati. Katika miaka ya 1990 Sultan Somjee, mtaalamu wa mila aliyefanya kazi katika Makumbusho ya Taifa, alianza kuzihimiza jamii za Kenya zikusanye vitu vya amani: mikanda ya akina mama, fimbo za wazee, vigoda, matawi ya miti ya suluhu. Alihoji kwamba makumbusho mengi yamejaa mikuki na ngao, kana kwamba mababu hawakujua lolote ila kupigana. Mwaka 2001 Umoja wa Mataifa ulimtunukia heshima kwa kazi hiyo. Kuna pia redio ya kijamii Mfangano, Ekialo Kiona, iliyowahi kuwapa Wasuba nafasi ya nadra ya kusikia lugha yao hewani.

Fimbo ya Burundi

Je, mambo haya ni ya Rusinga na jirani zake tu? La. Anayetafuta chama hasa cha wapatanishi, chenye kiapo na daraja, atakipata Burundi. Huko kuna abashingantahe, watu waliochaguliwa kwa sababu ya busara na ukweli wao. Mtu alichunguzwa kwa miaka kabla ya kutawazwa mbele ya kijiji kizima, na akishatawazwa alitarajiwa kuamua ugomvi wa mashamba, wa ndoa na wa mifugo bila kujali cheo cha mtu.

Jina lao linatokana na intahe, fimbo ya haki. Katika kikao fimbo hiyo hugongwa ardhini. Mlio wake ni mdogo, hauna utamu wa nyatiti. Lakini ukisikika, porojo zinakoma na mwenye zamu anasema. Mkataba wa Amani wa Arusha wa tarehe 28 Agosti 2000, uliokusudiwa kukomesha vita vya wenyewe kwa wenyewe nchini humo, uliutaja utaratibu huo kuwa jambo la kurejeshwa heshima yake.

Utaona basi kwamba uzi wa Rusinga na fimbo ya Burundi hufanya kazi moja. Vyote viwili hukata kelele ili mtu mmoja asikike.

Balozi aliyezikwa Rusinga

Kisiwa hiki kimemzika mpatanishi mwingine ambaye hakupiga nyatiti. Tom Mboya alizaliwa mwaka 1930 kwenye shamba la mkonge karibu na Kilima Mbogo, lakini kwao ni Rusinga. Akiwa kijana wa miaka 24 tu, katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, alitumwa Mombasa mwezi Machi 1955 wakati wapagazi wa bandari walipogoma. Alisimama kati ya umati wenye hasira na waajiri wenye kiburi. Wafanyakazi wakarudi kazini, shauri likapelekwa mbele ya baraza la usuluhishi, na mshahara ukapanda kwa asilimia 33.

Desemba 1958, akiwa na miaka 28, aliongoza mkutano wa watu wa Afrika yote mjini Accra. Oktoba 1962, akiwa waziri wa kazi, alisimamia mkataba baina ya serikali, waajiri na wafanyakazi, uliowawekea utaratibu wa kuzungumza kabla ya kugoma au kufukuza.

Tarehe 5 Julai 1969 alipigwa risasi katikati ya Nairobi. Kaburi lake liko Rusinga, na jengo lililojengwa juu yake lina umbo la risasi. Mauaji hayo yaliacha jeraha la kikabila lililochukua miaka mingi kupona, na wengine watakwambia halijapona. Mtu aliyeishi kwa kuzungumza alinyamazishwa kwa njia ambayo haikumpa yeyote zamu ya kujibu.

Upanga wenye makali kuwili

Kabla hatujaisifu sauti kupita kiasi, tukumbuke kwamba inaweza pia kuua. Mwaka 1994 nchini Rwanda, redio ya RTLM ilipiga muziki mtamu, na katikati ya nyimbo ikawahimiza watu kuua jirani zao. Hapa Kenya, tume ya Jaji Philip Waki iliyochunguza ghasia za baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 ilieleza kwamba baadhi ya redio za lugha za kienyeji zilichangia kuchochea chuki. Zaidi ya watu 1,100 waliuawa.

Redio hizo zilikuwa na muziki na zilikuwa na maneno. Zilikosa nini? Zilikosa zamu. Aliyetukanwa hakuweza kutoa shilingi zake, kusimamisha muziki na kujibu.

Hata matangani mambo yamebadilika. Mahali pengi jathum amebadilishwa na vipaza sauti vinavyotetemesha mabati mpaka alfajiri, jambo linaloitwa disko matanga. Wazazi wamelia kuhusu wasichana wanaopata mimba huko na vijana wanaokatana visu. Wakuu wa serikali wamepiga marufuku mara kwa mara, na mara kwa mara marufuku imepuuzwa. Ngoma ikilia sana hupasuka, walisema wahenga. Tatizo la disko hilo si kwamba ni la kisasa. Tatizo ni kwamba halina anayelisimamisha. Usiku mzima hakuna anayesikia lolote kutoka kwa mwenzake, na asubuhi watu huzika na kutawanyika na kinyongo kile kile walichokuja nacho.

Sayansi inasema nini?

Watafiti wa nje wameanza kupima mambo ambayo wazee waliyajua kwa mazoea. Mwaka 2013 wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Gothenburg, Sweden, walionyesha kwamba watu wanapoimba wimbo mmoja, kasi ya mioyo yao huelekea kupanda na kushuka pamoja, kwa sababu wanavuta pumzi pamoja. Mwaka 2010, wataalamu wa taasisi ya Max Planck nchini Ujerumani waliwachukua watoto wa miaka 4, wawili wawili. Baadhi walicheza kwa kuimba na kupiga ala, wengine walicheza mchezo kama huo bila muziki. Baadaye wale walioimba pamoja walisaidiana zaidi wakati mmoja wao alipopata shida.

Hapo pia hakuna uchawi. Kupumua pamoja hakuondoi deni wala hakurudishi shamba. Lakini ni vigumu kidogo kumrukia mtu ambaye mmekuwa mkivuta pumzi moja dakika tano zilizopita.

Kwa jamaa za mjini

Pengine msomaji wa Buruburu, Kisauni au Nyalenda atauliza yamhusu nini yeye asiyekuwa na nyatiti wala kigoda cha orindi. Yanamhusu sana. Nyumba nyingi za mjini zinafanana na disko matanga: televisheni inanguruma, simu zinalia, baba anafoka, mama anajibu, watoto wanagombea kiti, na hakuna aliyemsikia mwenzake tangu Jumatatu.

Jaribuni jambo hili Jumapili moja, hata kama ni kwa mzaha. Wekeni kibuyu au kopo mezani. Fungueni muziki wowote mnaoupenda nyote. Mwenye dukuduku atie shilingi 10 koponi na auzime muziki. Akishauzima, kila mtu anyamaze, baba akiwemo. Aanze kwa kumsifu yule anayemlalamikia, kwa jambo la kweli, si kwa kejeli. Kisha aseme lake mpaka amalize. Muziki ufunguliwe tena, wimbo mmoja uchezwe mpaka mwisho kabla ya mwingine kujibu, ili hasira ipate muda wa kushuka. Na anayejibu naye alipe. Pesa zikijaa, ziwe nauli ya kwenda kuwaona wazee.

Huko kwa wazee ndiko kwenye haraka zaidi. Wapigaji wa kweli wa nyatiti wanazidi kupungua, na wanaoweza kupatanisha kwa Olusuba ni wachache kuliko hao. Rusinga ilianza kufanya tamasha lake la utamaduni katika miaka ya 2010, pakiwa na mashindano ya mitumbwi, vyakula na ngoma. Hilo ni jema. Lakini nyatiti jukwaani, mbele ya watu walioketi kimya na kupiga makofi, ni nusu tu ya nyatiti. Nusu ya pili ni yule mtu anayeinuka, akatoa pesa, akasema: hebu nyamaza, nina neno.

Kwa hiyo wanafunzi mtakaokwenda mashambani likizo ya Desemba, msiridhike na kuinasa sauti ya nyatiti kwenye simu zenu. Mwulizeni babu au nyanya ni ugomvi gani wa ukoo wenu uliowahi kumalizwa matangani, nani alisimamisha muziki siku hiyo, na alisema nini. Andikeni majibu yao kwenye daftari, pamoja na majina. Wanaokumbuka hawatakuwapo siku zote.